Muulize Mama wa Dawati: "Nimesoma vitabu vya uandishi wa habari, mbona stori zangu bado zinatupwa?"

BARUA

Shikamoo Mama,

Mimi ni kijana wa miaka 27, naishi Singida mjini. Nina stashahada ya uandishi wa habari, na huu ni mwaka mmoja na nusu natuma habari kwa gazeti moja la Dar es Salaam. Sijaajiriwa. Nalipwa kwa stori inayotoka. Isiyotoka imekula kwangu, nauli yangu na bando langu.

Mwezi uliopita nilituma stori 11. Zimetoka tatu, nazo zimekatwa mpaka zikabaki aya mbili mbili pembeni ya tangazo la mnada. Nikampigia mhariri wa mikoani, hakupokea. Usiku akanijibu kwa WhatsApp, neno moja tu: "Soma."

Basi nikasoma, Mama. Rafiki yangu tuliyekuwa naye chuo akanirushia vitabu 40 vya PDF, vyote vya Kiingereza. Nilipokwenda Dar kwenye msiba nikapita Posta kwa wauza vitabu vya mtumba, nikanunua kimoja kinene cha Kimarekani, cha kufundishia uandishi wa habari, kwa shilingi 25,000. Hela hiyo ilikuwa ya sare ya mtoto. Mama watoto hajanisamehe hadi leo, na kitabu chenyewe anakiita "mke mwenzangu".

Nimefika ukurasa wa 90, kamusi ikiwa pembeni. Piramidi iliyopinduliwa, yaani jambo zito juu na dogo chini, naijua. Nani, nini, lini, wapi, kwa nini na vipi nimeyabandika ukutani. Kitabu kinasema nikwepe kauli ya kutendwa, niandike sentensi fupi, nianze na jambo zito. Nayaelewa yote hayo. Ila nikikaa kuandika, stori inatoka vilevile kama zamani.

Kuna mwenzangu hapa mkoani ambaye tangu atoke chuo hajafungua kitabu, na stori zake zinatoka kila wiki. Ananicheka. Anasema vitabu hivyo ni vya Wazungu wenye magari ya ofisi, sisi kazi yetu ni kuandika alichosema mgeni rasmi, kupokea nauli na kurudi mjini.

Nakuwekea mwanzo wa stori yangu ya mwisho kutupwa, uone mwenyewe:

"WANANCHI wilayani (…) mkoani Singida wametakiwa kutunza miundombinu ya maji ili iweze kudumu na kunufaisha vizazi vijavyo. Hayo yamesemwa jana na Mkuu wa Wilaya hiyo wakati akizindua kisima kirefu katika kijiji cha (…), ambapo alibainisha kuwa wapo baadhi ya watu wenye tabia ya kuhujumu miradi, hali inayopelekea serikali kuingia hasara."

Siku hiyo tulikwenda na gari la halmashauri. Wakati tunasubiri chakula, bibi mmoja akanivuta shati akaniambia hicho ni kisima cha tatu pale kijijini, viwili vya mwanzo vimekufa, na mpini wa pampu ya kile cha pili uliuzwa chuma chakavu. Akataka niandike hayo. Nikamwambia bibi, hilo halimo kwenye ratiba. Nakusimulia tu ujue mazingira yetu ya kazi yalivyo.

Maswali yangu ni haya, Mama. Katika vitabu hivi 40 nisome kipi? Vya Kiswahili vipo? Au niachane na vitabu, nifuate njia ya mwenzangu?

Wako,
Kalamu Kavu, Singida

JIBU

Marahaba mwanangu.

Kabla ya yote, tafuta shilingi 25,000 popote zilipo, mtoto apate sare. Mke mwenza anavumilika ndani ya nyumba akileta chakula, na hicho kitabu chako bado hakijaleta.

Mhariri wako amekutendea uvivu. "Soma" ni neno la mtu anayekimbizana na dedilaini. Simtetei, ila namwelewa, maana nami nimekaa dawati la usanifu, wale wanaozipitia na kuzikata stori kabla hazijachapwa, miaka mingi. Ikifika saa 11 jioni stori za mikoa zinamiminika kwa pamoja, ukurasa una nafasi ya stori nne tu, na mtu wa matangazo amekuja kuchukua nafasi ya stori moja. Saa hiyo msanifu hasomi stori yako hadi mwisho. Anasoma aya ya kwanza, na kama haijamshika mkono anakwenda kwa inayofuata.

Tuiangalie basi hiyo aya yako ya kwanza, yaani ile sentensi inayoishia na "vizazi vijavyo". Ukiacha jina la wilaya, ambalo nimelifuta mimi, ina maneno 16. Ndani yake hamna mtu mwenye jina, hamna hata tarakimu moja, wala hamna kilichotokea. Hebu ondoa "ya maji", weka "ya barabara". Inasomeka. Weka "ya umeme". Inasomeka. Nikiibandika kwenye gazeti la mwaka 1994 hakuna atakayegutuka, na ukiihifadhi mpaka mwaka 2040 nayo utaitumia. Aya inayofaa siku zote haikuandikwa kwa ajili ya siku yoyote, na sisi tunauza gazeti la leo.

"Wametakiwa", "wameaswa", "wamehimizwa", "wamekumbushwa". Laiti ningelipwa shilingi mia kwa kila "wananchi wametakiwa" niliyopita nayo kwa kalamu nyekundu, leo ningekuwa najibu barua hizi nikiwa kwenye veranda yangu Bagamoyo. Nyuma yake daima anafuata ndugu yake, "Hayo yamesemwa jana na…". Wamezaliwa pacha, na mama yao ni ratiba ya shughuli.

Sasa hapa kitabu chako kinakupoteza kidogo, nami nataka tukae hapa. Kimekwambia ukwepe kauli ya kutendwa. Huo ni ushauri wa Kiingereza kwa watu wa Kiingereza. Kiswahili kinaishi vizuri kabisa na kauli hiyo. Jirani yako ameibiwa, shangazi amefiwa, kijana ameuawa, tumenyeshewa. Hebu jaribu kusema "amefiwa" kwa kauli ya kutenda, uone utakavyohangaika. Kwa hiyo "hayo yamesemwa" haichukizi kwa sababu ya ile "w". Inachukiza kwa sababu umemweka msomaji nje ya mlango, anasikia sauti zinatoka ndani, hajui nani anaongea wala kumetokea nini, mpaka ufike aya ya pili umfungulie.

Na sentensi fupi nayo ina mipaka yake. Kitenzi chetu kimoja kinabeba mtu, wakati na anayetendwa. "Walimkamata" ni neno moja, Mwingereza atahitaji matatu. Ukihesabu maneno kwa rula ya kitabu cha Marekani utadhani unaandika kwa ufupi, kumbe umejaza "ili iweze", "kwa namna moja ama nyingine", "katika suala zima la". Pasua hayo. "Ili iweze kudumu" ni "idumu". Na "kupelekea" nakuomba uiache. Kiswahili kina "kusababisha", kina "kufanya", kina "ndiyo maana". Kupelekea ni kumpelekea mtu mzigo.

Vitenzi vya kusema navyo ni ugonjwa wetu sote. Anayeogopa kurudia "alisema" anazunguka nazo: alibainisha, alifafanua, alisisitiza, aliweka bayana, alidokeza. Kila kimoja kina maana yake. Aliyebainisha ametoa kitu gizani akakiweka mwangani. Mkuu wako wa wilaya kusema wapo watu wanaohujumu miradi, bila kutaja mmoja wala kuonyesha hujuma yenyewe, hajabainisha lolote. Amedai. Na ukiandika "amedai" utajikuta unauliza swali linalofuata, na hapo ndipo kazi inapoanza. Lakini mara tisa katika kumi "alisema" inatosha, msomaji haioni hata kidogo.

Vichwa vya habari vivyo hivyo. Sisi tuna wakati wetu wa vichwa, "Wanne wafa ajalini", "Simba yang'ara", ambao mtoto wa darasa la tano anausoma bila kufundishwa. Hakuna kitabu cha nje kitakachokueleza hilo. Utalipata kwenye magazeti yetu wenyewe.

Nami sikuzaliwa nalijua hilo. Mwaka wangu wa kwanza nilipewa habari ya shirika la nje niitafsiri, imeandikwa mlipuko umetokea saa "8 am". Nikaandika saa 8 asubuhi. Msanifu mkuu akaibeba ile karatasi, akasimama katikati ya chumba cha habari akauliza kwa sauti, "Jamani, saa 8 asubuhi ndiyo saa ngapi?" Hadi leo nikiona saa kwenye stori, natoa sita au kujumlisha sita kwa vidole.

Haya, vitabu. Katika hivyo 40, futa 37. Simu itapumua, nawe utapumua. Baki na vitatu, kama vimo. Kama havimo, vitafute.

Cha kwanza ni The Elements of Journalism cha Bill Kovach na Tom Rosenstiel, kilichotoka mwaka 2001. Hakikufundishi kuandika sentensi. Kinakuuliza wewe ni nani. Nguzo yake ni kwamba kiini cha kazi hii ni kuthibitisha, na kwamba utii wa kwanza wa mwandishi ni kwa wananchi. Soma sura inayohusu kuthibitisha tu, mara mbili, halafu ukiweke. Mengine yanahusu vyombo vya Marekani kuliko unavyohitaji.

Cha pili ni Story-Based Inquiry cha Mark Lee Hunter na wenzake, kilichochapishwa na UNESCO mwaka 2009. Hicho ni cha bure kwenye tovuti yao na ni chembamba. Kwako wewe hicho ndicho dawa. Hunter anakwambia usiende kazini na daftari tupu ukisubiri kuambiwa. Nenda na dhana yako, sentensi zisizozidi tatu za kile unachodhani kimetokea, kisha tafuta ushahidi wa kuithibitisha au kuiangusha. Ikianguka, umejua. Ikisimama, una stori. Mtu mwenye dhana kichwani hawezi kumwambia bibi kwamba hilo halimo kwenye ratiba. Ila tutarudi kwa bibi.

Cha tatu si kitabu cha mafunzo. Ni Hiroshima cha John Hersey. Kilitoka kwanza kwenye jarida la The New Yorker tarehe 31 Agosti 1946, toleo zima likaachiwa stori hiyo moja. Bomu lilikuwa limeangushwa mwaka mmoja nyuma, dunia nzima inajua mji umeteketea. Hersey akaenda, akachagua watu sita walionusurika: karani wa kike wa kiwandani, mjane wa fundi cherehani mwenye watoto watatu, madaktari wawili, padri Mjerumani na mchungaji. Ukifungua ukurasa wa kwanza unamkuta yule karani ameketi kwenye kiti chake kazini, ndiyo kwanza anageuza kichwa aongee na msichana wa meza ya pili, tarehe 6 Agosti 1945, saa 2 na robo asubuhi. (Kitabuni imeandikwa saa nane na robo. Unakumbuka nilivyokwambia kuhusu vidole.) Hajaandika kwamba wananchi wa Hiroshima wamekumbwa na janga. Ameanza na shingo ya binti mmoja inayogeuka.

Najua utaniuliza kuhusu Kapuściński, kwa sababu kila kijana aliyepitia chuo anamtaja. Ryszard Kapuściński, mwandishi wa shirika la habari la Poland, aliishi Dar es Salaam mwaka 1962, akaugua malaria kali na kifua kikuu, na mwaka 1964 akafika Zanzibar kuripoti Mapinduzi. Kitabu chake kuhusu Afrika, kwa Kiingereza The Shadow of the Sun, ni kitamu mno, na kwa sababu hiyo nakwambia usikiguse mwaka huu. Mwaka 2010 mwenzake wa huko huko Poland, Artur Domosławski, alitoa kitabu cha maisha yake na kuonyesha kwamba mahali pengine mzee alikuwa akiongeza chumvi. Aidha anapenda kusema "Waafrika hivi, Waafrika vile", akiwa amekutana na watu wawili. Msome siku utakapokuwa na uwezo wa kutenganisha nyama na chumvi.

Umeniuliza vya Kiswahili. Vya kufundishia kazi hii ni vichache, na vingi vyao ni miongozo ya semina. Inasikitisha, maana Kiswahili kina gazeti tangu mwaka 1888, Msimulizi la wamisionari pale Kiungani, Zanzibar, na kuanzia mwaka 1923 Mambo Leo lilisomwa bara na pwani. Zaidi ya miaka 130 ya kuandika habari, halafu mwanafunzi wa leo anafundishwa aya ya kwanza kwa mifano ya Chicago!

Hata hivyo hukosi kitu kabisa. Chukua Kanuni za Maadili za Baraza la Habari Tanzania, lile lililoanza mwaka 1995. Zipo kwa Kiswahili na utazimaliza kwa kikombe kimoja cha chai. Tafuta Kamusi Kuu ya Kiswahili ya BAKITA, Baraza la Kiswahili la Taifa, ya mwaka 2015, hata ya kuazima maktaba ya mkoa, uwe unaifungua kila siku kwa maneno unayodhani unayajua. Kisha soma Mbali na Nyumbani ya Adam Shafi. Si kitabu cha uandishi wa habari. Ni masimulizi ya kijana aliyetoka Zanzibar akasafiri kwenda Misri, lakini angalia jinsi kila mahali anapofika panavyokuwa na watu, harufu, bei na lugha yake. Ninapotaka kumwonyesha kijana maana ya kuona kwa Kiswahili, humpa hicho.

Na kuna rafu nyingine ambayo chuoni hawakuiita rafu ya vitabu. Ripoti ya CAG, Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali, inayofika bungeni kila Aprili. Bajeti ya halmashauri yako. Mihtasari ya mkutano mkuu wa kijiji. Ni maandishi makavu, nakubali, unaweza kusinzia ukurasa wa tatu. Lakini mwenzako anayekucheka hayasomi, na mwandishi wa Dar hana nauli ya kuja kuyasoma. Mtu pekee anayeweza kuyaweka ubavuni mwa kisima halisi ni wewe.

Namna ya kusoma nayo ina neno. Wewe unasoma kama unajiandaa na mtihani, ndiyo maana uko ukurasa wa 90 na mikono haijabadilika. Fanya hivi. Kila asubuhi chukua gazeti lolote, stori moja nzuri, funika aya ya kwanza kwa kiganja. Soma zilizobaki, kisha iandike wewe ile aya. Fungua, linganisha. Siku nyingine utamshinda aliyeandika, na siku hiyo utajua kitu ambacho ukurasa wa 91 haukuambii. Baadaye chukua stori yako iliyotupwa, uifanyie hivyo hivyo. Kitabu kifungue pale tu unapokwama.

Tuje kwenye nauli na gari la halmashauri. Sitakudanganya kwamba sijawahi kulipanda. Nimelipanda, nimekula pilau ya chini ya turubai, nikaandika "hayo yamesemwa". Ni rahisi kukaa hapa nikakuhubiria uhuru wa kalamu wakati wewe unalipwa kwa stori na sare haijanunuliwa. Bahasha ya hiyo "nauli", hapana. Kanuni zinaikataza, na siku wakikutajia kiasi ulichopokea mbele ya watu hutakuwa na pa kushika. Lakini gari lenyewe lina ubaya mwingine usiosemwa sana. Umefika na mgeni rasmi, utaondoka na mgeni rasmi. Bibi akikuvuta shati, jicho lako liko kwa dereva. Kwa hiyo kama huna jinsi, lipande siku ya shughuli, kisha rudi siku nyingine peke yako. Stori iko kwenye ile safari ya pili.

Na mwenzako? Stori zake zinatoka, ndiyo. Zinatoka kwa sababu ukurasa una shimo na lazima lizibwe. Muulize ni ipi kati ya hizo iliyowahi kupigiwa simu na msomaji.

Sasa bibi. Mwanangu, umeniandikia barua ndefu ukilia kwamba huna stori, na stori umeifungia karibu na mwisho wa barua ili "nijue mazingira". Visima vitatu, kijiji kimoja, mpini umeuzwa. Nimesoma hapo nikaweka kikombe mezani.

Lakini neno la bibi ni mwanzo tu. Hiyo ndiyo dhana yako, kama Hunter anavyotaka. Panda bodaboda urudi. Waone kwa macho hao marehemu wawili, uwapige picha. Chunguza zege la msingi, maana mafundi wengi huchora tarehe kwa kijiti likiwa bichi. Tafuta chombo cha watumia maji, wale tuliozoea kuwaita kamati ya maji, uombe kuona daftari la makusanyo. Nenda ofisi ya wilaya ya RUWASA, wakala wa maji vijijini, uulize kila kisima kilichimbwa lini, kwa hela ya nani, kiasi gani, na kiliharibika nini. Wakikupiga danadana, andika barua. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 inawapa siku 30 kukujibu. Ukitajiwa jina la aliyeuza mpini, usiliandike mpaka umemsikia yeye mwenyewe, na bado mshirikishe mhariri. Huenda hakuna aliyeuza. Huenda bibi ana ugomvi na mwenyekiti. Huenda ule mpini umefungwa stoo ya shule. Yote hayo ni stori, kila moja na aina yake.

Ukimaliza, mpigie mkuu wa wilaya umuulize swali moja, kama alijua kuwa anazindua cha tatu. Akijibu, andika alivyojibu. Hapo ndipo maneno yake kuhusu hujuma yatapata pa kukaa.

Na kama yote yamesimama, aya yako ya kwanza iko hapa, nakuazima:

"KISIMA cha kwanza kilikufa. Cha pili kiliuzwa mpini. Wiki hii kijiji kimezinduliwa cha tatu."

Neno "kiliuzwa" limesimama kwa mguu mmoja mpaka upate shahidi wa pili, la sivyo liondoe. Jina la bibi usiliweke kabla ya kumwomba ruhusa, na umweleze vizuri kwamba litasomwa hadi wilayani. Yeye haondoki na gari. Na ukikaa naye, kabla hujamuuliza habari ya mpini, muulize asubuhi ile ya uzinduzi, kabla wageni hawajafika, yeye maji alichota wapi. Hilo nami nataka kulijua.

Mama wa Dawati